Posa ya Nyumba ya Amemiya

Natsue alizaliwa peke yake, na hilo ndilo lilikuwa kosa lake la kwanza, kama kuzaliwa ni kosa. Baada yake mama yake alibeba mimba mbili, zote zikaharibika, na ya tatu ikamchukua mama mwenyewe. Nyumba ya Hosaka, ile yenye paa la nyasi kule juu kijijini, yenye vibao kumi na vinne vya majina ya marehemu ndani ya kabati la wahenga, ikabaki na mrithi mmoja tu, naye msichana. Msichana wa namna hiyo haolewi akaondoka. Anakaa, na mwanamume analetwa. Mwanamume huyo analiacha jina la baba yake mlangoni, anachukua jina la nyumba, analima mashamba ya nyumba, na siku akifa anachongewa kibao chenye jina la nyumba. Huku kwetu tunasema ameolewa, na watu hucheka wakisema.

Hapo pasingekuwa na tatizo kama Natsue angempenda mtoto wa pili wa mtu. Wamejaa tele. Mtoto wa pili hana shamba, hana paa, anakula kilichobaki chunguni baada ya kaka yake kushiba, ndiyo maana wanaitwa wala kiporo mpaka wazeeke. Lakini Natsue akaenda kumpenda Kohei, na Kohei alikuwa mtoto wa kwanza wa Amemiya, nyumba ya chini ya mfereji. Mtoto wa kwanza haondoki kwao. Yeye ndiye anayebaki na vibao vyao, yeye ndiye wa kuwafukizia ubani wazee. Ukimtoa, umeiua nyumba. Mrithi na mrithi hawaoani, basi. Kijiji kizima, kuanzia mtawa wa hekalu mpaka mlevi wa dukani, kingekwambia hivyo bila hata kuinua uso kutoka kwenye bakuli.

Mimi naona ni upuuzi mtupu. Lakini mimi sikuulizwa, wala Natsue hakuulizwa, mpaka siku alipoulizwa, na hapo ndipo mambo yalipoharibika.

Ilianza kazini. Viwavi wa hariri wakikaribia kujifunga kwenye vifuko vyao wanakula usiku na mchana, na nyumba isiyo na mikono ya kutosha inaazima kwa jirani. Hosaka walikuwa na mikono sita tu: ya Natsue, ya baba yake Mzee Jinzo, na ya Bibi Ume, mama wa marehemu mama yake, ambaye mikono yake ilikuwa miwili kama ya kila mtu lakini ulimi wake ulifanya kazi ya watu watatu. Amemiya wakamtoa Kohei aje kusaidia. Siku ya kwanza alichuma majani ya mforosadi, chakula cha viwavi, kutwa nzima bila kufungua kinywa.

"We kijana," Bibi Ume akamwuliza jioni, "meno yameshikana?"

"Hapana, Bibi."

"Basi yatumie. Hapa hatutozi ushuru wa maneno."

Masika ya pili akaja tena, na ya tatu. Walikuwa wanachuma mstari mmoja, yeye upande huu na Natsue upande ule, na kadiri walivyozidi kuchuma ndivyo majani yalivyopungua katikati yao na wakazidi kuonana. Hapakuwa na zaidi ya hapo kwa muda mrefu. Kohei alimbebea kikapu mpaka njia panda, akakishusha pale pale kila siku, kwa sababu kukifikisha mlangoni kungeleta maneno. Natsue alikuwa na miaka ishirini na mbili, na alikuwa anazihesabu siku kwa ile njia panda.

Mwezi wa nane ikaja picha ya sinema. Mtu mmoja kutoka mjini alikuwa anazunguka na mashine yake, wakampa ghala la kukaushia vifuko vya hariri, wakaziba madirisha kwa mikeka mchana kweupe. Kijiji kizima kikajipanga chini. Picha yenyewe haina sauti, inahitaji mtambaji wa kusimama kando na kuwasemea wale watu wa kwenye kitambaa, kulia kwa niaba yao na kugombana kwa niaba yao. Siku hiyo mtambaji alikuwa amelewa chakari kwenye nyumba ya wageni kule stesheni. Mwenye mashine akaomba radhi, akasema atawarudishia watu pesa zao. Watu wakakataa. Wakasema we washa tu, maneno tutatia wenyewe.

Wakatia kweli. Palikuwa na mama mkwe mkali kwenye ile picha, Bibi Ume akamchukua yeye, akamtukania mkwe wake mpaka watu wakashika mbavu. Mwenye duka akamsemea polisi. Kisha wakatokea kijana na msichana juu ya daraja, theluji inaanguka, kijana anafungua kinywa, anafunga, anafungua tena, na hakuna aliyejitolea kumsemea, maana mapenzi yanaona haya mbele ya wazazi. Ndipo sauti ikatoka nyuma kabisa, nzito, ya taratibu.

"Ningoje mpaka vuli. Nitamwachia mdogo wangu nyumba, halafu nije kwako."

Ghala zima likaangua kicheko.

"Huyo wa kwenye picha hana mdogo!" mwenye duka akapiga kelele.

"Kaka," akasema Risaku, mdogo wake Kohei, aliyekuwa amekaa mbele kabisa na mdomo umejaa maharage ya kukaanga, "na huyo mdogo akipewa nyumba atakula nini cha moto? Tumbo halijazoea."

Wakacheka tena, na Risaku akacheka kuliko wote. Natsue hakucheka. Alikuwa ameshika mkono wa kimono yake kwa nguvu mpaka vidole vikamuuma, na furaha ilikuwa imemjaa akaogopa kwamba akipumua tu itasikika.

Siku mbili baadaye Kohei akamkuta mferejini akiosha vikapu. Akasimama ng'ambo, kama mtu anayetazama maji.

"Nilisema kweli," akamwambia.

"Baba yako atakuua."

"Atanipiga. Ataniambia sina adabu. Halafu atamtazama Risaku, ataona ni mwana kama mimi, tena anafanya kazi kunizidi. Nyumba haitakufa. Atakayekaa atakuwa mwingine tu. Mimi nitakuja kwenu niolewe, wanicheke wachoke." Akaonyesha mlima kwa kidevu. "Mwezi wa kumi napanda mlimani kuchoma mkaa. Siku kumi hivi. Nikishuka nazungumza naye, kazi zikiwa zimepungua, moyo wake umetulia. Usimwambie mtu."

"Simwambii mtu."

Na hakumwambia. Hilo nalo liwekwe wazi, maana wako waliosema baadaye eti mwanamke hana siri.

Sasa Mzee Jinzo. Mzee Jinzo naye alikuwa ameolewa. Alikuwa mtoto wa tatu wa nyumba moja ya bonde la pili, akaletwa Hosaka miaka ishirini na minne iliyopita akiwa na nguo moja ya kuvaa na nyingine ya kubadilisha, na kwa miaka hiyo yote hakuwahi kuketi mahali pazuri pa meko bila kumtazama kwanza mama mkwe wake. Mtu mpole, mwenye aibu. Kohei alipokuwa mlimani siku ya tatu, vifuko vya vuli vimekwisha kuuzwa, alimwita bintiye kwenye kibaraza cha nyuma, akakaa akiitazama bustani ya figili badala ya kumtazama yeye.

"Mama yako," akasema, "alilia mwezi mzima nilipoletwa. Kila siku, nyuma ya ukuta. Hakunichukia, alikuja kunizoea. Lakini nilisikia kile kilio, na sitaki mwanamume mwingine akisikie humu ndani. Mwaka huu lazima nitume mshenga. Ninakuuliza kitu ambacho baba haulizi. Iko nyumba ambayo, wakimtoa mtu huko, hutalia?"

Natsue akainamisha kichwa mpaka paji la uso likagusa mbao. Masikio yalikuwa yanawaka. Binti hataji jina la mwanamume mbele ya baba yake. Angeweza kufa kwanza. Lakini nyumba, nyumba unaweza kuitaja.

"Amemiya," akasema.

Mzee Jinzo akatoa pumzi ndefu, na Natsue akasikia kwamba alikuwa anatabasamu.

"Nilidhani hivyo," akasema. "Nimekuwa nikiona. Mtu mzuri. Basi, nenda."

Akaenda. Akaenda akikimbia, Bibi Ume akamwuliza kuna moto wapi. Amejua, aliwaza, baba ameona kila kitu, amekuwa akitutazama mashambani na hakusema. Atakwenda polepole, atampima Mzee Amemiya, Kohei atashuka na kukuta njia imekwisha fagiliwa. Kwa dakika moja tu ikamjia kwamba pengine arudi, ataje na jina. Akaona haya, akaenda kukata figili. Jamani, hiyo dakika moja. Ningekuwepo ningemrudisha kwa kumvuta nywele.

Maana fikiria wewe mwenyewe. Mzee Jinzo ni mtu mwenye adabu. Unamwambia Amemiya, na mawazo yake yanapanda kwenye nyumba ile, yanampita Kohei jinsi mtu anavyoipita nguzo ya nyumba, kwa kuwa nguzo haiazimwi. Hata kumfikiria kungekuwa matusi kwa mwenye nyumba. Yanamfikia Risaku, mla kiporo, mchapa kazi, mcheshi, aliyemwona mara ngapi akizungumza na binti yake na kumchekesha. Akaridhika kabisa. Akamwita Bi Tatsu, mshenga, na Bi Tatsu akafungua kalenda akasema siku njema ni keshokutwa, ukiikosa hiyo nyingine iko mbali.

Keshokutwa ikafika. Bi Tatsu akateremka na kimono yake nyeusi ya shughuli, na mkoba wa ngisi mkavu, mwani, uzi mweupe wa katani na pepeo ya kukunja, zawadi za posa. Alirudi saa tisa mchana, amenyweshwa, mashavu mekundu. Natsue alimpokea mlangoni, akamvua viatu, akamfuata ndani navyo mkononi bila kujua.

"Haya, mwanangu, jiandae," akasema Bi Tatsu, akajitupa kando ya meko. "Sijawahi kupeleka posa ikapokelewa upesi hivi, na nimepeleka posa arobaini na moja. Mzee Amemiya hata hakusema nipeni muda nifikiri. Alisimama palepale, akaenda kumwita shambani. Na kijana mwenyewe, masikini, kaja na matope mpaka magotini, akapiga magoti nje, hataki kuchafua mkeka. Nikamwambia, nyumba ya Hosaka wanakutaka. Unajua alifanyaje?"

"Alifanyaje?" akauliza Natsue, kwa sauti ndogo.

"Alilia. Lile dume lote. Kilio cha mtoto. Akasema, mimi? Mimi, Risaku?"

Natsue alikuwa ameshika kamba ya kiatu. Aliendelea kuishika. Alisikia jina, akalielewa, na bado kichwa chake kikawa kinatafuta mahali pa kulikataa, pengine mama huyu amelewa, pengine amechanganya. Lakini Bi Tatsu alikuwa anaendelea, anasimulia pombe waliyokunywa, nani kammiminia nani, na jinsi Mzee Amemiya alivyosema sasa anaweza kufa, wana wake wote wawili wana paa. Hapo Natsue akajua. Palikuwa na mlango mmoja tu wa kutokea, na mlango huo ulikuwa Risaku abaki kwao ili Kohei aondoke. Baba yake ameuziba kwa mikono yake miwili, kwa mapenzi. Akihama Risaku, Amemiya wanabaki na mwana mmoja. Kohei hawezi tena kwenda popote.

Akainuka kwenda kumwambia. Nakuapia, aliinuka. Alipita ukumbi akiwa amekwisha kuyapanga maneno, baba, si huyo, ni mwingine, nisamehe. Akamkuta Mzee Jinzo amepiga magoti mbele ya kabati la wahenga, ubani unawaka, anavieleza vibao kumi na vinne habari. Alikuwa anaongea kwa sauti, jambo ambalo hakuwahi kulifanya.

"Mlinipokea nikiwa sina kitu," alikuwa anasema. "Sikuwapa mwana wa kiume. Miaka yote hii nimekula wali wenu na kichwa kimeinama. Leo nimewaletea mtu. Na safari hii mtoto amemtaka mwenyewe."

Machozi yalikuwa yanamtiririka na hakuyafuta. Natsue akasimama pale nyuma yake, maneno yote mdomoni. Akageuka, akatoka.

Bibi Ume alikuwa anamenya njugu za msitu nyuma ya nyumba. Alimtazama mjukuu wake mara moja tu, akaweka kisu chini.

"Ulikuwa unamtaka yule mwingine," akasema.

"Bibi, nenda kamwambie baba. Wewe atakusikia."

"Nimwambie nini? Kwamba arudishiwe ngisi wake? Kwamba tulimwita kijana wa watu kutoka shambani, tukamliza, sasa tunasema samahani tulikosea, tunamtaka kaka yako, yule ambaye hatolewi?" Sauti ya kikongwe haikuwa na mzaha hata chembe. "Mzee Amemiya ndiye anayegawa maji ya mfereji, atatufungia, na atakuwa na haki. Na baba yako atajinyonga. Unamjua. Hatasema neno, tutamkuta tu."

"Na mimi?"

Bibi Ume alimvuta kichwa akakilaza mapajani, kwenye maganda ya njugu, na Natsue akalia kilio ambacho baba yake aliomba kisisikike nyumbani mwake, akakibana kwenye nguo ya bibi yake ili kisivuke ukuta.

Kohei alishuka mlimani siku ya kumi na moja, mweusi kwa masizi. Hakufika kwao. Alipita moja kwa moja kwenye shamba la miforosadi la Hosaka, ambako Natsue alikuwa anafunga matawi kwa kamba za majani ya mpunga ili theluji isiyavunje. Mtu wa njiani alikuwa amekwisha kumpa hongera ya mdogo wake.

"Umesema nini kwa baba yako?" akauliza.

"Nimesema Amemiya."

"Amemiya tu?"

"Ningesemaje, Kohei? Ningesemaje?"

Kohei akamwelewa papo hapo. Hilo ndilo lililomuumiza Natsue zaidi, kwamba hakumlaumu. Kohei mwenyewe angekuwa Mzee Jinzo, naye angemfikiria Risaku. Akakaa chini kwenye udongo, akafunika uso kwa ile mikono yake ya mkaa.

"Kuna treni ya kwenda Kofu saa kumi," akasema kwenye viganja. "Kutoka pale kuna ya Tokyo. Naweza kubeba mizigo, naweza kuchimba. Twende, Natsue. Hivihivi, na nguo hizihizi."

Natsue akaitazama kamba mkononi mwake. Saa nane ilikuwa haijafika. Stesheni ni mwendo wa saa moja na nusu kwa miguu, na njia inateremka. Akaifunga ile kamba, fundo moja, kwa sababu tawi lilikuwa limekwisha kuinamishwa na asingeweza kuliachia hivyo.

"Twende," akasema.

Wakateremka. Yeye mbele, Kohei hatua kumi nyuma, kama watu wasiojuana. Natsue alikuwa na furaha, nisidanganye, furaha mbaya ya mtu anayetupa kila kitu. Walipozunguka kona ya mwisho ya mashamba ya mpunga ya Hosaka, wakamsikia mtu anaimba.

Alikuwa Risaku. Amesimama ndani ya mfereji, maji ya mwezi wa kumi yanamfika mapajani, anajenga upya ukingo uliobomoka tangu dhoruba ya mwaka juzi. Mzee Jinzo peke yake hakuwa ameweza kuujenga. Hakuna aliyemtuma. Arusi ilikuwa bado wiki nne. Kando yake palikuwa na rundo la mawe ambayo lazima alikuwa ameyabeba tangu alfajiri, na jembe jingine la akiba limechomekwa kwenye matope. Alipomwona Natsue akaacha kuimba, akavua kitambaa kichwani, akaona haya.

"Samahani," akasema. "Najua bado si ruhusa yangu. Niliona ukingo huu kila nikipita, nikawa nasema moyoni, wangenipa mimi ningeurekebisha." Ndipo akamwona kaka yake. Uso wake wote ukafunguka. "Kaka! Umeshuka! Umesikia? Nimepata nyumba, Kaka."

Kohei alikuwa amesimama njiani. Natsue hakugeuka kumtazama, hakuthubutu, alikuwa anayatazama yale maji ya matope yakipita kati ya miguu ya Risaku. Alikuwa anamsubiri aseme. Kama angesema neno lolote, hata moja, angemfuata. Stesheni ilikuwa kule chini bondeni, moshi wake ulikuwa unaonekana.

Akasikia hatua. Kohei alimpita, akavua viatu vyake, akateremka mferejini. Akaling'oa lile jembe jingine.

"Hapa umeweka jiwe vibaya," akamwambia mdogo wake. "Litang'oka mvua ikija. Sogea."

Wakafanya kazi bega kwa bega mpaka jua likaanza kuinama, wakijengea nyumba ya Hosaka ukingo wake. Risaku alikuwa anaongea bila kukoma, na Kohei anajibu ndiyo, na hapana, na lete hilo kubwa. Natsue akarudi shambani kumalizia matawi. Treni ya saa kumi ikapiga honi ikapita.

Arusi ikafanyika mwezi wa kumi na moja. Bwana arusi akaletwa mchana, na wanaume wa kijiji wakampigia vigelegele vya kike njia nzima, naye akawa anajibu mizaha yao. Natsue alikunywa vikombe vitatu vya pombe ya kiapo cha arusi, kila kimoja mara tatu. Kisha ikafuata zamu ya ukoo kunywa na ukoo, na kikombe kilichotoka mkononi mwake kikapelekwa kwa Kohei, akakinywa chote, akakigeuza. Mzee Jinzo alikaa mahali pazuri pa meko siku hiyo, Bibi Ume mwenyewe alimsukuma akae.

Siku ya tatu, kama desturi, waume na wake wapya wanakwenda kusalimia kule bwana alikotoka. Natsue akateremka nyuma ya Risaku akiwa amebeba keki za mchele. Mzee Amemiya alikuwa amekwenda hekaluni. Aliyefungua mlango alikuwa Kohei. Alikuwa amekonda, na alikuwa amenyoa.

Natsue akapiga magoti kwenye mkeka, akaweka viganja chini, akainamisha kichwa. Kuna maneno ya kusema, na mtu mmoja tu wa kuambiwa. Akayasema.

"Kaka, mimi ni mgeni katika ukoo huu. Naomba unitunze."

Alisikia maji yakichemka kwenye meko.

"Karibu, shemeji," akasema Kohei. "Mtunze mdogo wangu."

Wakanywa chai. Wakazungumza habari za baridi, na za paa la Amemiya upande wa kaskazini. Hapakuwa na kingine.

Wakaanza kupanda kurudi. Walipofika njia panda Risaku akasimama.

"Umeona alivyokonda? Mimi nimepata kila kitu, yeye yuko peke yake na mzee. Nani atampikia? Nani atawafukizia wazee ubani baadaye?" Akakuna kichwa. "Nimemwuliza, anasema hataki kusikia habari za mke. Mimi simuwezi. Lakini wewe unawafahamu wasichana wote wa huku juu. Na yeye anakuheshimu, nimeona leo. Mtafutie, Natsue. Ukimchagua wewe hatakataa."

Natsue alimtazama mume wake. Hakuwa na hila yoyote usoni, alikuwa mtu aliyeshiba anayemwonea huruma mwenye njaa. Na alikuwa anasema kweli. Kohei hatakataa. Angempelekea yeyote, Kohei angeinamisha kichwa na kumpokea, kwa kuwa ametoka kwake.

Moyo ulimuuma. Akaanza kufikiri, mmoja mmoja, nyumba kwa nyumba, jinsi mke wa ndugu anavyotakiwa kufikiri.

"Yuko Kiyono wa kwa fundi mapipa," akasema. "Mtoto wa pili, hana nyumba ya kurithi. Ana moyo mzuri, na hasemi sana. Watasikilizana."

"Utamtuma lini Bi Tatsu?"

"Nitatazama kalenda," akasema Natsue, na wakaendelea kupanda.